Wimbo wa Kumtukana Mwenye Studio

Yolo, Kinshasa
22 Agosti 1976

Mdogo wangu Bolumbu,

Kabla wasafiri hawajakufikishia yao, maana uongo wa mji huu hupanda ndege mbele ya masanduku, nakuandikia mwenyewe: bendi imepasuka. Kiala ameondoka. Ameondoka na mpiga besi, na Lema wa rithimu, na tarumbeta zote mbili, na hata yule mzee wa maraka niliyedhani ameota mizizi kwenye kiti chake. Wamejiita Bana Ntongo, Watoto wa Asubuhi. Jina zuri. Nimeudhika tu kwamba sikulifikiria mimi.

Usianze kulia. Ni bendi gani ya Kinshasa haijapasuka? Mimi mwenyewe nilimtoka Mzee Lobota siku ya harusi ya mkubwa fulani, nikamwacha jukwaani na ngoma moja na aibu. Vijana wamerudisha magitaa yote, kama ilivyo desturi, kwani vyombo ni vya bendi. Wameondoka mikono mitupu, na mimi nimebaki na vyombo bila watu.

Kinachoninyima raha si bendi, ni studio yangu, Mwinda. Unawajua wenye bendi wa hapa: mtu akiwatoka, wanamfungia kila mlango. Hapigi, harekodi, hata mwenye baa anaambiwa asimpe jukwaa. Sasa mji mzima unanitazama. Wanasema Mwinda ni chapa iliyoanzishwa na mpiga gitaa, hebu tuone mpiga gitaa akitendwa atabaki mwanamuziki au atageuka bosi. Nikikosea hapo, hakuna atakayekuja tena kurekodi kwangu kwa hiari yake, na Mwinda imekwisha.

Koo langu halijambo. Usiulize tena.

Kaka yako,
Bokungu


Ixelles, Brussels
5 Septemba 1976

Kaka Bokungu,

Nimelia na nimetukana pia, na sikuanza na kulia.

Kiala! Yule niliyempigia pasi shati la onyesho lake la kwanza, akanilalamikia kola! Wanamwita Mpisoli, Bwana Machozi, kwa kuwa akiimba wanawake wanalia. Safari hii amemliza aliyemfulia. Na Lema naye, aliyekuwa akila kwetu hadi mama akamtengea sahani. Mwambie sahani yake nimeigawa.

Hapa wodini wenzangu huniuliza Kinshasa nimeacha nini cha kujivunia. Huwa sitaji mto wala majengo. Nawahadithia wewe. Nawaambia jinsi ulivyokuwa ukirekodi kwa yule mfanyabiashara wa vitambaa, vitenge mbele na maikrofoni nyuma ya pazia. Ukamwimbia wimbo wa mwenye nyumba aliyewatoa wapangaji nje mvua ikinyesha. Kumbe mwenye nyumba ni mteja wake mkubwa, na wimbo ukawekwa kabatini, na humo umo hadi leo. Ulirudi nyumbani ukakaa kizingitini, ukasema, "Bolumbu, nataka nyumba ambayo wimbo haulazwi."

Nilidhani ni hasira tu. Ukauza pikipiki. Ukanunua ile mashine ya kurekodia ya wamisionari waliokuwa wakirudi kwao, tukaisukuma kwa mkokoteni kutoka bandarini, wewe ukiwa umeivika koti lako huku umeloa chapachapa. Tukabandika magodoro ukutani, na mama akanuna kwa sababu moja lilikuwa lake. Miaka minane sasa. Ni nani mwingine aliyewahi kuwapa waimbaji wa Yolo, wasio na baba mkubwa wala shangazi serikalini, santuri yenye majina yao? Hakuna. Nasema hakuna, na ninayesema ni mimi niliyesukuma mkokoteni.

Kwa hiyo sikuambii umfungie Kiala mabaa. Wewe si mtu wa hivyo. Ila studio yako asiikanyage. Kuna ukarimu, na kuna kujitandika mkeka ukanyagwe.

Mdogo wako,
Bolumbu


Yolo, Kinshasa
26 Septemba 1976

Mdogo wangu,

Anayekuletea barua hii ni mke wa jirani yetu Ekofo, anakuja huko kutibiwa macho. Mpe chai, mpe kiti, na uchukue kwake tepu iliyofungwa kwenye kitenge cha bluu. Ndani yake mna wimbo mmoja wa vijana fulani, mrefu. Waimbaji wakae upande wa kwanza wa santuri na sebene ikae upande wa pili, kama kawaida. Mwambie yule fundi wako wa kuchonga santuri asithubutu kupunguza sebene. Mara ile alidhani magitaa yamesahau kunyamaza, akakata. Watu walininunia mwezi mzima, maana kwetu mtu hununua santuri kwa ajili ya hapo waimbaji wanaponyamaza na miguu kuanza kazi.

Santuri lazima ziwe hapa kabla ya Bonane. Mwaka Mpya ukishapita hakuna anayenunua kitu, hata aimbe malaika. Na safari hii jambo ni zito kuliko kuuza. Hao vijana wanangoja, na wengine wanawatazama wakingoja.

Nakuomba kitu kimoja. Usisikilize kwa moyo. Sikiliza kwa masikio.

Bokungu


Ixelles, Brussels
10 Oktoba 1976

Kaka,

Tepu imefika salama, na mke wa Ekofo pia, ingawa amenimalizia sukari.

Pole kwa habari hii: mashine ya fundi wa kuchonga imeharibika. Kuna kipuri kinangojwa kutoka Ujerumani, na Wajerumani hawana haraka na mambo yetu. Huenda tusiiwahi Bonane. Labda ni heri pia, ukitazama vizuri.

Hao "vijana fulani" ni akina nani, kaka? Na gitaa la solo kapiga nani? Mbona hukuandika?

Na koo lako linaendeleaje? Nauliza kama muuguzi, kwa hiyo huna ruhusa ya kukasirika.

Bolumbu


Yolo, Kinshasa
24 Oktoba 1976

Bolumbu,

Kipuri gani hicho kinachotengenezwa kwa muda mrefu kuliko mtoto tumboni?

Samahani. Sina mtu mwingine wa kumfokea. Lile kundi la Lemba lililokuwa limeshika nafasi ya wiki hii halikuja, na halikutuma salamu. Yule mama mwimbaji wa Bandal alituma mtu kusema ana mafua, na jioni hiyohiyo nikamsikia akiimba kwenye baa ya kona, sauti safi kabisa. Jana nilishinda studio peke yangu nikisafisha mashine isiyokuwa chafu.

Vijana wenye wimbo wanasema nimeukalia. Wanaeneza kwamba yule mfanyabiashara wa vitambaa amerudi mjini, safari hii ni mweusi na anapiga gitaa. Nimewaambia habari ya kipuri. Wameniangalia tu. Mimi pia ningemwangalia hivyohivyo mtu anayeniletea hadithi ya kipuri.

Tafadhali nenda kwa fundi. Kaa mlangoni kwake, mnunie, ujifanye unazimia, lolote. Mwinda haikupata kumlazia mtu wimbo, na sitaki ianze na huu.

Mpiga solo ni mtu wa hapahapa. Humjui.

Bokungu


Bandal, Kinshasa
25 Oktoba 1976

Dada Bolumbu,

Sijui kama bado naruhusiwa kukuita dada. Nakuita hivyohivyo, utakataa mwenyewe.

Wimbo ulio huko ni wangu. Unaitwa "Kiti cha Ngozi", na anayeimbwa ni Mzee Bokungu, sifichi. Niliuimba nikiwa na hasira. Hujui adha ya kusimamishwa mbele ya maikrofoni urudie mstari mmoja hadi usahau jina la mama yako, na yeye amekaa upande wa pili wa kioo, kwenye kile kiti chake cha ngozi, anasema, "Bado." Kila siku bado! Mimi ni Kiala, watu wanalia nikiimba, na yeye anasema bado.

Tulipomwendea kuomba kurekodi, nilijua atatufukuza, na nilitaka atufukuze ili niwe na la kuhadithia. Akasema, "Njooni Jumanne." Nikaona huyu mtu ni mkubwa, nikaona haya. Kumbe ni ujanja. Amemwachia mtoto aimbe tusi lake lote, kisha amelifungia Ulaya, na bado mji unasema alivyo mwema! Mfanyabiashara wa vitambaa alikuwa bora, yeye angalau hakujifanya rafiki.

Nimemwambia kila mwanamuziki niliyekutana naye asiende Mwinda. Nitaendelea kuwaambia. Kama kuna kipuri kweli, nijibu. Kama hakuna, mwambie kaka yako kwamba mimi nilimpenda kuliko baba yangu na sasa namwonea aibu.

Kiala Matondo


Ixelles, Brussels
7 Novemba 1976

Kaka yangu,

Hakuna kipuri. Mashine ya fundi ni nzima. Tepu iko kabatini kwangu chini ya mashuka, na imekuwepo humo tangu siku niliyoisikiliza kwa jirani.

Kiala ameniandikia. Nilipoona anakuita mfanyabiashara wa vitambaa, nilichukua kalamu. Aliyekufanya uitwe hivyo ni mimi, wala si yeye.

Sikiliza lakini na upande wangu. Nilikuwa nimekaa pale, jirani ananipigia makofi kwa sababu muziki ni mtamu, mara namsikia Kiala: "Sauti yako imekwisha, sasa waazima zetu." Nikazima. Mji mzima unadhani uliacha kuimba kwa hiari, umechoka, unawapisha vijana. Mimi ndiye niliyekushika mkono daktari alipokuwa akikueleza habari ya koo lako. Tuliokuwa tunajua ni watatu, wewe, mimi na Kiala, kwa kuwa alikuwa anakaa nyumbani. Lile ni tusi la mtu aliyekula nyumbani! Nikasema haliendi popote. Nikadhani hata wewe hukuyasikia maneno, ulikuwa ukitazama mishale ya mashine tu.

Kisha nikawasha tena ili nisikie sebene, maana hasira ni hasira na sebene ni sebene. Na solo ikaingia. Kaka, unaniambia mpiga solo simjui? Hakuna mwingine anayeingia kwa kuchelewa namna ile, kama mtu anayepapasa ufunguo mfukoni huku wageni wamesimama mlangoni. Nimelala chumba kimoja na gitaa lile utoto wangu wote. Ulimpigia solo mtu anayekutukana!

Niambie nifanye nini. Ukisema niichome, nitaichoma nikiimba.

Bolumbu


Yolo, Kinshasa
17 Novemba 1976

Bolumbu,

Ukiimaliza barua hii, vaa koti upeleke tepu kwa fundi. Hapana, ipeleke kwanza, kisha ndiyo uimalize.

Umepeleka? Vizuri. Sasa nikukasirikie.

Nilisikia kila neno. Lile neno "waazima" nilimrudisha Kiala mara kwa mara kwa sababu alikuwa akilimeza. Mtu akitaka kunitukana kwenye mashine yangu atamke. Unadhani lilinipendeza? Ni kweli, mdogo wangu, sauti imekwisha. Nikijaribu kuimba nyumbani kuku wanatoka nje. Nilikuwa nimekwisha zoea kwamba ni siri, na siri iliponitoka hivyo, kwa sauti nzuri kama ya Kiala, iliniuma hadi kwenye meno.

Lakini nieleze, ningemwambia nini? Kwamba Mwinda inarekodi nyimbo zote isipokuwa ule? Wimbo unaonisifu hata yule muuza vitambaa angeurekodi. Nikichagua wa kulaza na wa kuamsha, hata mmoja tu, basi kesho kila atakayekuja ataimba huku akinitazama usoni kuona kama nimenuna. Muziki wa namna hiyo nilikwisha upiga ujana wangu. Sikusukuma mkokoteni kwa ajili hiyo, na wewe pia hukuusukuma kwa ajili hiyo.

Kuhusu solo. Waliondoka na kila mtu isipokuwa mpiga solo, kwa kuwa mpiga solo ni mimi. Wamefika studio, wimbo unafika kwenye sebene, Lema anachezacheza na rithimu yake na hapo juu hakuna kitu. Utupu ule uliniuma kuliko tusi. Ule wimbo ni mzuri, Bolumbu! Umejengwa vizuri tangu mlangoni hadi jikoni. Ningewezaje kukaa nikitazama unaharibika? Nikachukua gitaa.

Na kwenye karatasi ya santuri andika: solo, Bokungu. Chapa yetu inaandika kila aliyepiga. Wacheke.

Nimekukasirikia sana. Lakini nikiwa nimekasirika nafikiri pia kwamba kuna wenye studio wengi duniani, na ni wachache wenye dada wa kuwaibia santuri kwa kuwapenda. Ukishapata jibu la kiwanda cha santuri, nipigie simu ya upepo.

Kaka yako,
Bokungu


Bandal, Kinshasa
30 Januari 1977

Dada Bolumbu,

Barua yako ya kuniambia kwamba ni wewe uliyeificha tepu niliipata. Niliisoma nimesimama, nikaisoma nimekaa, kisha nikaenda kwa kila mwanamuziki niliyekuwa nimemtia sumu nikamwambia nimekosea. Ni kazi ngumu kuliko kuimba. Yule mama wa Bandal aliniambia, "Kwa hiyo yale mafua yangu niliyaugua bure?" Amekwisha rudi Mwinda kurekodi, na kundi la Lemba pia. Juzi nimekuta wameketi foleni hadi barabarani.

Santuri zilifika siku mbili kabla ya Bonane. Huko umesikia lakini hukuona. Kila baa ya Yolo, kila baa ya Matonge, "Kiti cha Ngozi". Mzee alikuwa amekaa na bia yake mbele ya baa inayotazamana na geti lake, na watu walipousikia wimbo unaanza walinyamaza wamtazame. Mimi nilikuwa ng'ambo ya barabara, nimejificha nyuma ya mwanamke mnene. Upande wa kwanza uliisha. Wakaigeuza santuri. Sebene ilipoingia, Mzee aliweka chupa chini, akasimama, akacheza. Anacheza vibaya, dada, unajua mwenyewe. Baa nzima ikasimama ikacheza naye.

Lakini sikukuandikia kwa ajili hiyo. Nataka ujue la ile Jumanne, kwa sababu najua yeye hatakwambia.

Mzee akirekodi hufunga kitambaa chekundu getini, na mtaa mzima hunyamaza. Fundi baiskeli anaweka nyundo chini, wenye redio wanazima, Mama Nzuzi wa nyumba ya pili anaacha kutwanga majani ya pondu. Hakuna aliyewahi kuwaamuru. Siku yetu kitambaa kilifungwa kama kawaida. Lakini mtaa ulikwisha pata habari tumekuja kuimba nini. Tulipoanza tu, Mama Nzuzi akaanza kutwanga. Si kutwanga kwa mapishi, kutwanga kwa vita. Fundi naye akaanza kugonga ringi isiyokuwa na ubovu wowote. Mtu akamchokoza mbwa.

Mzee alisimamisha mashine, akatoka nje. Mimi nikamfuata hadi getini, nikadhani anakwenda kuwashukuru.

"Mama Nzuzi," akasema, "kitambaa hukukiona?"

"Nimekiona sana."

"Basi nakuomba."

"Unaniomba ninyamaze ili ukatukanwe vizuri? Wewe Bokungu una akili timamu? Sisi tunakusaidia!"

"Mama, mkiendelea hivi tusi litatoka na pondu ndani yake. Kesho watasema Mwinda haijui kurekodi."

Mama Nzuzi akautupa mchi chini, akaanza kulia, akasema, "Haya, nendeni mkamtukane." Mtaa wote ukanyamaza. Nilisikia hata maji yakidondoka bombani. Nikarudi kwenye maikrofoni na sauti ikakataa. Niliimba kama mtu anayeomba maji ya kunywa. Na yeye, kutoka nyuma ya kioo, akabonyeza kile kitufe chake akasema, "Bado, Kiala. Mama Nzuzi amelia kwa ajili ya wimbo huu. Mpe wimbo." Yale machozi unayoyasikia kwenye santuri, ambayo mji mzima unasema ni ufundi wangu, yalikuwa machozi.

Sasa nikupe na ya wiki hii, ucheke. Bana Ntongo wamepasuka. Lema amenitoka na tarumbeta zote mbili. Wana wimbo wao mpya, unaitwa "Bwana Kioo", habari za mwimbaji ambaye hapiti dirishani bila kujitazama. Hawataji jina. Hakuna haja.

Wamekwenda kurekodi Mwinda, wanakwenda wapi kwingine. Jumatano Mzee akanitumia mtu: njoo, wimbo wao hauna sauti ya pili. Nikamjibu mjumbe maneno ambayo siwezi kumwandikia mwanamke anayefanya kazi hospitalini. Nikalala kitandani na viatu. Nikaimba ile melodi yao kichwani ili niidharau, na nikaona ni kweli, bila sauti ya pili inachechemea.

Nilipofika kitambaa kilikuwa kimekwisha fungwa na mtaa uko kimya. Lema hakuweza kunitazama. Nikasimama pembeni yake, nikaimba kwamba mimi ni mpuuzi niliyeoa kioo, na Mzee akasema bado, nikaimba tena, akasema bado, na sikumchukia.

Tepu inakuja kwako na mtoto wa Ekofo. Sauti ya pili ni Kiala Matondo, liandike jina lote. Na tafadhali, dada, hii usiifiche.

Mdogo wako,
Kiala